Bruges kwa boti ya mifereji: gati gani, saa ngapi, na mzee asiyesikia Kifaransa atafaidika na nini?

MamaNguba (Bukavu)

Jambo sana wandugu. Tuko watu wanane, tunatoka Bukavu kwenda Brussels kwa arusi mwezi wa nne. Tutabaki na siku moja tu ya kutembea, Jumamosi, na tumechagua Bruges, mji wa mifereji huko huko Ubelgiji, ili tuuone kwa boti. Kati yetu kuna mama wa miaka 74 mwenye magoti mabovu, anatembelea fimbo, na mtoto wa miaka 5. Sisi tunasikia Kifaransa. Mama anasikia Kiswahili na Mashi tu.

Naomba anayejua vizuri anijibu. Tiketi zinanunuliwa mapema kwa intaneti au pale pale? Gati ziko ngapi, na ipi inafaa kwa mama? Mvua ikinyesha inakuwaje? Nahodha anaeleza kwa lugha gani? Na kwa siku moja, Gand au Amsterdam si bora zaidi? Aksanti.

Himbi_Goma

Yaya, nianze na treni, maana hapo ndipo wageni wengi wanapotea. Brussels ina lugha mbili, lakini treni ikishaingia upande wa Flandria, kaskazini mwa Ubelgiji, matangazo na vibao vyote vinakuwa vya Kiholanzi. Ukikaa unasubiri kusikia «Bruges» utapitiliza. Sikiliza «Brugge». Gand inaandikwa Gent, Ostende inaandikwa Oostende, na Bruxelles-Midi ndiyo hiyo hiyo Brussel-Zuid. Pandeni treni inayokwenda Oostende, Knokke au Blankenberge, zote zinasimama Brugge. Ni mwendo wa saa moja hivi, na Gent iko katikati ya njia. Kutoka stesheni ya Brugge hadi uwanja mkubwa, Markt, ni dakika 20 hadi 25 kwa miguu ya mtu mzima. Kwa mama chukueni basi mbele ya stesheni, msimchoshe kabla ya shughuli yenyewe.

Sasa boti. Mtu wa kawaida haweki nafasi mapema. Unafika, unapanga foleni, unalipa, unapanda. Gati ziko tano: Rozenhoedkaai, Huidenvettersplein, Wollestraat, Nieuwstraat na Katelijnestraat. Zote ziko karibu karibu katikati ya mji, na boti zote zinapita njia ile ile, kwa muda wa nusu saa, kwa bei ile ile. Kwa hiyo msikubali kusimama saa nzima Rozenhoedkaai eti kwa sababu ndiyo yenye picha nzuri. Picha hiyo mtaipata mkiwa majini, gati yoyote mliyopandia. Mkikuta foleni, tembeeni dakika tano hadi gati nyingine. Wekeni hesabu ya yuro 15 hivi kwa mtu mzima. Mtoto hulipa pungufu. Bebeni pesa taslimu, msitegemee kadi peke yake.

Boti zinafanya kazi kuanzia mwezi wa tatu hadi katikati ya mwezi wa kumi na moja, saa nne asubuhi hadi saa kumi na mbili jioni. Mwezi wa nne hamna shida, ila Jumamosi ni siku nzito. Mabasi ya watalii kutoka Brussels yanafika kuelekea saa tano, na meli kubwa zinazotia nanga Zeebrugge zinashusha watu wake saa hizo hizo. Kati ya saa tano na saa kumi foleni ni ndefu. Ondokeni Brussels kabla ya saa mbili na nusu, muwe gatini saa nne kamili boti ya kwanza inapojaza.

Kamalondo_Lubumbashi

Nakubaliana na Himbi kuhusu asubuhi, na ninaongeza sababu ya mwanga. Ukiwa Rozenhoedkaai, mnara wa kengele uko upande wa kaskazini-magharibi, kwa hiyo jua la asubuhi linatoka mgongoni mwako na kuangaza mnara na nyumba. Jioni unapiga picha kuelekea kwenye jua, nyumba zinatoka nyeusi.

Lakini la muhimu kwenu ni mama. Maji ya mifereji yako chini ya usawa wa barabara, kwa hiyo kuna ngazi za kushuka hadi botini. Kiti cha magurudumu hakiingii. Mtu wa fimbo anaweza, kama mtafanya hivi:

Kabla ya kulipa, mwambieni anayeuza tiketi kwamba kuna mzee na kwamba mko wanane, mnataka kukaa pamoja. Boti ikiwa imebakiza nafasi tano, msigawanyike, subirini inayofuata. Mtu mwenye nguvu atangulie chini ya ngazi, ageuke, amtazame mama. Mwingine abebe fimbo. Mama ashuke kwa kutanguliza mguu wenye maumivu zaidi, na wakati wa kupanda atangulize ule mzima. Akiingia botini akanyage katikati ya sakafu, kwa sababu ukikanyaga ukingoni boti inalala upande huo na mzee anaogopa. Akae mara moja. Nahodha au msaidizi wake atampa mkono, aushike kwenye kifundo, si vidole.

Wanaosafiri kati ya Goma na Bukavu wamezoea mawimbi ya ziwa. Hapa maji yametulia, hakuna kutapika. Hatari ni nyingine: madaraja. Mengine ni ya chini sana, nahodha anaonya na kila mtu anainamisha kichwa. Mtoto asisimamishwe kwenye benchi wala kupakatwa juu juu. Mikono yote ibaki ndani, maana ukuta wa matofali unapita karibu kabisa na ubavu wa boti. Simu ifungwe kamba shingoni au kwenye kifundo cha mkono. Watu wengi wanazidondosha pale wanaponyanyuka kupiga picha na boti inageuka.

Boti hazina paa. Mvua ikinyesha kidogo zinaendelea, na kwa kawaida mnapewa mwavuli, ila mwavuli unafunika macho ya anayekaa nyuma yako na lazima ushushwe kila daraja. Koti la mvua lenye kofia ni bora mara mbili. Kila mmoja abebe mfuko wa plastiki wa kukalia, kwa sababu benchi likishalowa halikauki. Na msidanganyike na jua: asubuhi ya mwezi wa nne kule ni baridi kuliko Bukavu yenye ukungu, na ukikaa nusu saa juu ya maji bila kutembea baridi inaingia mifupani. Mama avae soksi nzito na kitenge cha ziada magotini.

Choo hakuna ndani ya boti. Vyoo vya mji vingi ni vya kulipia, muwe na sarafu.

Muhumba_Bkv

Nijibu la lugha, kwa sababu hilo ndilo litakalowaharibia safari msipojiandaa.

Nahodha mwenyewe ndiye muongozaji. Anaendesha huku anaongea kwa kipaza sauti. Mwanzoni anauliza abiria wanasikia lugha zipi, kisha kila sehemu anaisema mara mbili, tatu au nne: Kiholanzi, Kifaransa, Kiingereza, Kijerumani. Nusu saa ukiigawa kwa lugha nne, Kifaransa kinabaki na dakika saba au nane, na kinakuja wakati jengo limeshapita. Kiswahili hakipo. Mkianza kumtafsiria mama pale pale, nanyi mtakosa kusikia. Kwa hiyo mweleze kabla, usiku ule wa kuamkia safari, kwa kufuata njia ya maji. Nawaandikia hapa kama nitakavyomweleza mama yangu. Nahodha akianza na upande wa kaskazini, geuzeni mpangilio.

Kwanza, kwa nini mji una maji ndani. Bruges haiko baharini, lakini mwaka 1134 dhoruba ilivunja pwani na kufungua mkono wa bahari ulioitwa Zwin. Kupitia Zwin na mji mdogo wa Damme, mizigo ilifika hadi ndani ya Bruges. Manyoya ya kondoo yalitoka Uingereza, mafundi wa Flandria wakayafuma kuwa vitambaa, na wafanyabiashara wakaja kununua kutoka Ujerumani, Hispania na Italia. Meli za Genoa zilifika kwa mara ya kwanza mwaka 1277. Mizigo ilikuja kwa maji, ndiyo maana nyumba nyingi za zamani zina mlango barabarani na mlango mwingine majini. Mtu wa miguu anaona ule wa barabarani tu. Boti inakuonyesha ule ulioleta mali, na hiyo ndiyo sababu ya kulipa tiketi.

Rozenhoedkaai. Jina hili linatokana na rozari, kwa sababu zamani rozari ziliuzwa hapo. Mwambie mama, atafurahi. Juu ya mapaa anatazama mnara wa kengele, mita 83, wenye ngazi 366 na kengele 47. Asijaribu kupanda, wala asione amekosa.

Dijver na kanisa. Boti inakwenda kusini kandokando ya miti, inapita jumba la Gruuthuse, kisha Kanisa la Bikira Maria. Mnara wake una mita 115 hivi na ni wa matofali ya kuchoma. Waambieni watu wa Bukavu waangalie matofali hayo kwa makini, maana kwetu matofali ya kuchoma tunayajua tangu tanuru. Nchi ile ni udongo na mchanga, mawe ya kujengea yalitoka mbali na kwa bei kubwa, kwa hiyo wakapandisha udongo hadi mawinguni. Angalieni pia mapaa yenye vidato kama ngazi upande wa mbele ya nyumba. Vidato vile ni matofali yaliyopangwa kupunguza upana kidogo kidogo bila kulazimika kukata tofali moja moja kwa mshazari.

Hapo karibu mtapita chini ya daraja dogo la mawe, Bonifacius. Kila mtu anapiga picha akidhani ni la kale kuliko yote. Ni la mwanzoni mwa karne ya 20, limejengwa kwa mtindo wa zamani. Ni zuri hata hivyo, ila ukweli usemwe.

Hospitali ya Mtakatifu Yohane. Ukuta mrefu mwekundu unaoingia moja kwa moja majini. Ilianza karne ya 12, ikapokea wagonjwa, wasafiri na mahujaji kwa mamia ya miaka. Sasa ni makumbusho yenye picha za mchoraji Hans Memling.

Begijnhof. Upande wa kusini kabisa, boti inageuka karibu na ziwa dogo la Minnewater. Makao yale ya nyumba nyeupe yalianzishwa mwaka 1245 kwa ajili ya wanawake walioishi maisha ya sala bila kuweka nadhiri za watawa. Walifanya kazi na kujitegemea. Tangu 1927 wanakaa masista Wabenedikto. Ndege wakubwa weupe mtakaowaona ni bata-maji wa shingo ndefu. Hadithi ya mji inasema mwaka 1488 wenyeji walimfunga mtawala wao Maximilian na kumuua ofisa wake Pieter Lanchals, ambaye jina lake linafanana na maneno «shingo ndefu», ndipo mji ukaamriwa kuwafuga ndege hao milele. Kufungwa kwa Maximilian na kuuawa kwa Lanchals ni historia. Amri ya ndege ni hadithi.

Groenerei. Boti inarudi, inapita nyuma ya uwanja wa watengeneza ngozi, yaani Huidenvettersplein, kisha soko la samaki lenye nguzo. Kazi ya ngozi inataka maji mengi na inanuka, kwa hiyo huwa kando ya maji. Mkiingia Groenerei sauti za mji zinapungua ghafla. Hapa kuna madaraja ya mawe ya kale kweli, Meebrug na Peerdenbrug, na nyumba za chini za wazee maskini ziitwazo godshuizen, yaani nyumba za Mungu. Matajiri walizijenga, na waliokaa humo waliombea roho zao. Kwangu hii ndiyo sehemu nzuri kupita zote, nzuri hata kuliko Rozenhoedkaai. Acheni simu chini hapa.

Spiegelrei hadi Jan van Eyckplein. Mfereji unaishia mbele ya sanamu ya mchoraji Jan van Eyck. Mama atauliza, na ana haki ya kuuliza: mbona maji yanakatika ukutani? Zamani yaliendelea hadi Markt. Pale Markt kulikuwa na jengo kubwa, Waterhalle, lililopita juu ya mfereji, na boti ziliingia chini yake kupakua mizigo bila kulowa. Lilibomolewa mwaka 1787 na mfereji ukafunikwa. Njiani kulikuwa na winchi ya mji, gurudumu kubwa la mbao ambalo wanaume walitembea ndani yake ili kunyanyua mapipa ya divai. Nguvu ya gurudumu ilikuwa miguu ya watu.

Kisha mchanga ukaijaza Zwin. Kufikia miaka ya 1500 meli kubwa hazikufika tena, biashara ikahamia bandari ya Antwerpen, na Bruges ikawa maskini. Haikuwa na pesa za kubomoa na kujenga upya, ndiyo maana nyumba bado zimesimama. Mwaka 2000 katikati ya mji pakaingia katika orodha ya urithi wa dunia ya UNESCO.

Himbi_Goma

Muhumba, aksanti sana. Naongeza kitu kwa wanaosikia Kifaransa: neno «bourse», soko la hisa, linahusishwa na familia ya Van der Beurse wa Bruges. Wafanyabiashara walikutana mbele ya nyumba yao. Ni hatua chache kutoka Jan van Eyckplein, kwa miguu. Na kwa mtoto: kwenye kona ya jengo lenye mnara mwembamba pale pale uwanjani, Poortersloge, kuna sanamu ya dubu ndani ya kitundu cha ukuta. Mwambieni amtafute.

Bagira_2

Swali langu ni moja tu. Utajiri huu wote si ni wa Kongo? Kwa nini nilipe kuutazama?

Muhumba_Bkv

Ndugu Bagira, swali ni halali na lijibiwe kwa tarehe. Mali iliyojenga Bruges unayoiona kutoka botini ni ya karne ya 13 hadi ya 15, miaka 350 na zaidi kabla ya mfalme Leopold II. Ni manyoya, vitambaa na riba. Jasho la Kongo lipo, ila lipo Brussels: nenda kwenye tao la Cinquantenaire, lililokamilika 1905 kwa faida ya Leopold kutoka Kongo, kisha jumba la makumbusho ya Afrika la Tervuren. Mkiwa na nusu siku Brussels, naomba watoto wapelekwe huko pia. Ila kila jengo lipewe hesabu yake.

Kamalondo_Lubumbashi

Kuhusu Gand na Amsterdam. Amsterdam iondoeni: kwa treni kwenda na kurudi ni saa nne au zaidi, na kwa mama ni adhabu. Ni kweli boti nyingi za kule zina paa la kioo na maelezo ya kurekodiwa unayosikiliza kwa lugha uitakayo, na safari ni ya saa moja. Mtakaporudi Ulaya kwa muda mrefu, fanyeni hivyo.

Gand ni mshindani wa kweli. Iko nusu saa tu kutoka Brussels, boti zinaondoka Graslei na Korenlei, safari ni dakika 40 au 50, na zinafanya kazi hata majira ya baridi. Utaona ngome ya Gravensteen ya mwaka 1180 ikisimama juu ya maji, na mji una wanafunzi na maisha yake, si watalii peke yao. Lakini njia ya Bruges ina mambo mengi zaidi kwa kila dakika. Mpango wangu: asubuhi Bruges, na mkiamka mvua inamwagika, shukeni Gent katikati ya njia, mkaulize boti yenye paa.

MamaNguba (Bukavu)

Mungu awabariki. Nimemsomea mama maelezo ya Muhumba, amesema anataka kuona kwa macho yake ile milango ya majini. Jambo moja limebadilika: arusi imesogezwa, tutakwenda Jumapili badala ya Jumamosi. Mama anataka misa na sanamu ya Bikira Maria ya Michelangelo. Tupange vipi?

Himbi_Goma

Jumapili sanamu haionekani asubuhi, kanisa ni la ibada. Watalii wanaingia mchana, kuanzia saa saba na nusu. Kwa hiyo misa ya kwanza Brussels, au misa Bruges mkifika mapema, kisha boti. Mtakuwa mmeikosa ile ya saa nne, kwa hiyo msiende Rozenhoedkaai kabisa. Nendeni Katelijnestraat au Nieuwstraat, zote ziko karibu na kanisa. Mkishuka botini kuleni, mama apumzike, halafu saa saba na nusu muwe mlangoni.

Sehemu kubwa ya kanisa ni bure, sehemu yenye sanamu ni ya kulipia. Ni marumaru nyeupe, ya mwaka 1504 hivi, ilinunuliwa na wafanyabiashara wa vitambaa wa Bruges wakati Michelangelo yuko hai. Wafaransa waliichukua 1794 ikarudi, Wajerumani wakaichukua 1944 ikapatikana ndani ya mgodi wa chumvi Austria, ikarudi tena. Si kubwa, na unasimama mbali nayo kidogo, kwa hiyo mama abebe miwani yake. Ndani kuna viti, anaweza kukaa mbele yake na rozari yake kwa muda anaotaka.

Kamalondo_Lubumbashi

Na viatu. Njia kutoka gatini hadi kanisani ni ya mawe ya mviringo, yakilowa yanateleza. Mama asivae sandali za ngozi za arusi. Viatu vya raba vyenye kamba, na ncha ya fimbo iwe na mpira mpya. Ule wa zamani ukiwa umelika, badilisheni mkiwa bado Bukavu.